Ukipewa kipande kidogo, kitendee haki: somo kutoka kwa Louis de Funès

Vijana ninaoigiza nao vichekesho jukwaani hunijia na lalamiko lile lile: "Kaka, nitaigiza mlinzi wa getini mpaka lini?" Mimi huwaelekeza kwa mchekeshaji wa filamu Mfaransa, Louis de Funès. Yeye ndiye aliyenifundisha kuheshimu kipande kidogo.

Alizaliwa 1914 Courbevoie, jirani na Paris, na wazazi waliotoka Hispania. Kabla ya filamu alikuwa mpiga piano kwenye mabaa ya Pigalle, mtaa wa starehe wa Paris. Alipoingia kwenye filamu mwaka 1946 alikuwa bawabu tu, mtu wa kufungua mlango. Akaendelea hivyo kwa miaka mingi, vipande vifupi filamu baada ya filamu. Le Gendarme de Saint-Tropez ilipompa umaarufu mwaka 1964, alikuwa na miaka 50. Miaka miwili baadaye La Grande Vadrouille iliuza tiketi zaidi ya milioni 17 Ufaransa.

Lakini mimi nataka umtazame kabla ya hapo, kwenye La Traversée de Paris ya 1956. Wajerumani wameikalia Paris, chakula ni cha kubahatisha, naye ni Jambier, mwenye duka anayeuza nyama kwa magendo. Mwigizaji Jean Gabin yuko naye kwenye ghala la chini ya nyumba na anaanza kumdai pesa kwa kupiga kelele, akilitaja jina lake na mtaa wake ili wa nje wasikie. Dau linapanda. Uoga na ubahili vinapigana usoni mwa Jambier: anataka kelele zikome, na hataki kutoa hata senti. Nyota wa filamu ni Gabin na mwenzake Bourvil, ila huyu muuza duka hakutoki kichwani.

Basi ukipewa mlinzi, jiulize anataka nini na anaogopa nini. Mimi huyaandika hayo mawili juu ya karatasi yangu kabla sijakariri hata sentensi moja, na mwili wenyewe hupata la kufanya.

La pili: kichekesho kilichokubali usikitupe kwa sababu umekichoka wewe. Tamthilia iitwayo Oscar aliizungusha mikoani mwaka 1959, akaicheza Paris 1961, ndipo ikaja filamu ya 1967. Pale anapoivuta pua yake, akairefusha hewani na kuipiga kama fidla, unaona kazi iliyoiva jukwaani, mbele ya watu, usiku baada ya usiku.

Na mwili, jamani, tuutunze. Mwaka 1975 moyo ulimshambulia vibaya, ikabidi aache jukwaa. Alirudi kwenye filamu mwaka uliofuata na L'Aile ou la Cuisse, akiwa na mchekeshaji mwenzake Coluche, ila mbio zilipungua. Ucheshi wa mwili unachosha kuliko watu wanavyodhani. Ukiwa na homa, lala.

Kifaransa kisikutishe. Anza na Oscar, zima sauti kabisa, halafu fuatilia mikono yake.