Kila mtu na kifaa chake, mnaingiaje dunia moja ya Minecraft?

Watu wanaojua nacheza Minecraft, ile gemu ya kujenga kwa bloku, huwa wananiuliza swali lile lile, mimi nina simu, mshkaji ana PlayStation, mwingine ana laptop, tunachezaje pamoja? Na ukimuuliza amefikia wapi unakuta keshatafuta seva (kompyuta ya mtandaoni inayobeba dunia ya gemu), keshadownload mafaili asiyojua kazi yake, ila hajawahi kumuuliza mwenzake ana toleo gani. Sasa kabla hujagusa kitu nenda kwenye grupu lenu la WhatsApp, uliza mambo mawili tu, kila mtu anatumia kifaa gani, na gemu yake ni Java au Bedrock. Majibu ya hapo ndo yanaamua kila kitu, vingine vyote ni kufuata hatua.

Maana Minecraft ni gemu mbili zenye jina moja. Java Edition ndo ile ya mwanzo, inakaa kwenye kompyuta tu, iwe Windows, Mac au Linux. Bedrock ilianzia kwenye simu mwaka 2011, enzi hizo ikiitwa Pocket Edition, imeandikwa kwa C++ na sio Java, ndo hiyo iliyopo leo kwenye Android, iPhone, iPad, Xbox, Switch, PlayStation na Windows. Mwaka 2017 walitoa apdeti kubwa iliyoitwa Better Together, hapo ndo simu na Windows 10 na Xbox One zikaanza kuonana, Switch ikaingia 2018 na PS4 ikaja ya mwisho kabisa, Desemba 2019. Bedrock kwa Bedrock mnaonana popote mlipo. Java kwa Java pia. Java kwa Bedrock hamuonani bila mtu wa kati, na huyo mtu wa kati nitamwelezea huko chini ila sikushauri uanze naye.

Kwa hiyo kama kwenye kundi lenu kuna hata mtu mmoja wa simu au wa playstation, basi nyie ni watu wa Bedrock, kwisha. Mwenye laptop ndo ahame. Na haimgharimu sana siku hizi, kwa sababu tangu Juni 2022 ukinunua Minecraft ya Windows unapewa Java na Bedrock kwa pamoja, anabonyeza tu upande mwingine kwenye launcha (programu ya kufungulia gemu). Atalalamika, najua, watu wa Java wana maringo yao kuhusu modi (nyongeza zinazotengenezwa na wachezaji) na redstone (nyaya za umeme za ndani ya gemu), mwache alalamike huku anainstall. Mwenye Mac au Linux ndo nampa pole, yeye Bedrock haimhusu kabisa.

Kundi letu sisi liko hivi. Mimi niko Dar na laptop ya Windows, kuna jamaa yangu yuko Mwanza na simu ya Android, binamu yangu yuko Muscat na PS4, na mpwa wangu yuko Minnesota anatumia iPad ya nyumbani kwao. Yaani huwezi kupata mchanganyiko mbovu zaidi ya huo, na bado tunaingia kwenye dunia moja, bila seva ya kulipia.

Cha kwanza ni akaunti. Ili muonane kupitia intaneti kila mtu lazima awe na akaunti ya Microsoft, ni ya bure, na ukishalogini unachagua gematagi, hilo ndo jina ambalo wenzako watalitafuta. Hapa ndo wale wa APK za kupewa kwa Xender wanakwama, maana gemu ya kuchakachua haikubali kulogini, haijalishi umeangalia video ngapi YouTube za kuelekeza. Inunue tu. Play Store bei yake ya Marekani ni dola 6.99, unalipa mara moja basi, na kama huna kadi ya benki hizi kadi za mtandaoni zinazotoka kwenye pesa za simu zinafanya kazi vizuri, Kenya wana ile ya M-Pesa GlobalPay. Ila jua kwamba ukinunua kwenye simu hujanunua kwenye PlayStation, kila duka na hesabu yake, akaunti ya Microsoft inakuunganisha na watu, haikuhamishii gemu.

Kwenye PlayStation na Switch kulogini kuko tofauti kidogo. Skrini inakuonyesha kodi ya herufi na namba pamoja na anwani ya tovuti, unachukua simu yako, unafungua hiyo tovuti, unaandika ile kodi, unaingiza akaunti yako ya Microsoft, unasubiri sekunde chache skrini ya TV inabadilika yenyewe. Binamu alitaka kuingiza akaunti ya kaka yake kwa sababu ilikuwa tayari imefunguliwa kwenye ile simu, nikamwambia acha, tengeneza ya kwako, maana ukishaziunganisha kuja kuzitenganisha ni shughuli pevu, na vitu utakavyonunua ndani ya gemu vitamfuata kaka.

Alafu kuna gharama ambayo watu wa konso wanaisahau. Ili ucheze na wenzako kwa intaneti kwenye PlayStation lazima uwe na PlayStation Plus, Switch inataka Nintendo Switch Online, Xbox nayo ina malipo yake ya kila mwezi. Simu, iPad na kompyuta hazidaiwi kitu. Kwa hiyo kama unafikiria kununua kifaa kwa ajili ya Minecraft ya washkaji peke yake, mimi nasema bora simu nzuri kuliko konso, na najua kuna watu watanirushia mawe kwa hili.

Mkishalogini wote, muongezane urafiki kwa gematagi, pande zote mbili, sio mmoja kamuadd mwenzake halafu mwenzake hajafanya kitu. Mwenye dunia anaifungua, anahakikisha kwenye mipangilio ya dunia multiplaya imewashwa na marafiki wameruhusiwa, wengine wanaenda kwenye sehemu ya marafiki wanaiona dunia pale, wanabonyeza wameingia. Ikigoma angalia kitu kimoja kabla ya vyote, apdeti. Ukiambiwa una toleo la zamani, wewe nenda kaapdeti, ukiambiwa mwenye dunia ndo ana toleo la zamani, mpigie simu yeye akaapdeti, usianze kufuta gemu na kuinstall upya, maana ukifuta gemu kwenye simu unaweza kuondoka na dunia zako zote. Na kinachomaliza bando ni hizo apdeti zaidi ya kucheza kwenyewe, kwa hiyo zipige ukiwa kwenye waifai ya mtu.

Sasa nani ahosti? Watu wengi wanampa yule anayejua kucheza sana au aliyekuja na wazo. Hapana. Ahosti mwenye umeme wa uhakika, intaneti iliyotulia na kifaa chenye nguvu, hata kama hajui kutengeneza kitanda. Dunia inakaa kwenye kifaa chake, akitoka yeye wote mnatolewa, umeme ukikatika kwake mmekatika wote. Pia intaneti yake ikiyumba mtaona maajabu, unavunja bloku ya mawe inapotea halafu baada ya sekunde mbili inarudi pale pale, unapiga zombi inabaki imesimama inakuangalia, ghafla unajikuta umekufa. Hiyo sio simu yako mbovu, ni mwenye dunia amekosa mtandao. Sisi anahosti binamu Muscat, ana fiba na umeme haumsumbui. Dunia ya hivi inabeba mpaka watu 8, ila ukihosti kwa simu ya kawaida usijidanganye na hiyo namba, watatu wanne simu inakuwa pasi, punguza umbali wa kuona kwenye mipangilio ya video angalau ipumue.

Na amri moja kwa mwenye dunia aliye kwenye simu au Windows, awe anaiexport, yaani kuitoa kama faili, maana konso haina sehemu hiyo. Kwenye mipangilio ya dunia, ukishuka chini kabisa kuna sehemu ya kuexport, inatoka faili inayoishia na .mcworld, unaitupa Google Drive au hata kwenye grupu. Simu inaibiwa, laptop inakufa, na hakuna anayetaka kujenga upya daraja la wiki nzima.

Kwa mlio mtaa mmoja au bweni moja, achaneni na yote hayo. Mmoja awashe hotspoti, hata bando asiwe nalo, wengine waunganike, mwenye dunia aruhusu kuonekana kwenye LAN (mtandao wa vifaa vilivyo pamoja), wenzake wataiona dunia imejitokeza kwenye orodha. Hakuna kulogini, hakuna senti. Ikigoma jaribu hotspoti iwashwe na simu nyingine ambayo sio ya mwenye dunia, mara nyingi hilo linatosha. Waifai za hoteli na za vyuo nyingi zimezuia vifaa kuonana, hapo msipoteze muda, hotspoti ndo dawa.

Shida inakuja pale ambapo mnataka dunia iwe wazi hata kama mwenyewe amelala. Hapo kuna njia mbili za kawaida. Realms ni seva ya Mojang wenyewe, wale waliotengeneza Minecraft, analipa mmoja tu kila mwezi, kuna ya wewe na wenzako wawili kwa dola 3.99 na kuna ile kubwa ya wewe na wenzako 10 kwa dola 7.99, wengine wote wanaingia bure, na watu wa konso wanaiona bila ujanja wowote. Ya pili ni Aternos, tovuti ya kutengeneza seva bure kabisa, ila lazima mtu aingie kwenye tovuti yao aiwashe kila mnapotaka kucheza, muda mwingine kuna foleni, na mkitoka wote inajizima. Tatizo lake kubwa kwa kundi kama letu ni kwamba konso haina sehemu ya kuandika anwani ya seva yako, simu na Windows zinayo. Kuna ujanja wa kubadilisha DNS (mpangilio wa intaneti wa kutafuta anwani) kwenye konso na unafanya kazi ila mimi sipendi kumwelekeza mtu wa mbali kwa simu mambo ya DNS, utakonda. Seva nyingi za bure ziko Ulaya pia, kwa hiyo ukiwa Bongo tegemea kuchelewa kidogo, kwa kujenga haisumbui, kwa kupigana inasumbua.

Haya, yule mtu wa kati niliyemtaja. Anaitwa Geyser, anakaa kwenye seva ya Java na kuwatafsiria watu wa Bedrock mpaka seva inawaona kama watu wa Java. Anaenda na mwenzake Floodgate, huyo anawaruhusu waingie bila kununua Java, na utawatambua kwa sababu majina yao yanaanza na nukta. Aternos wanakuruhusu kuviweka. Inafanya kazi, nimeitumia na watu wa Mac, ila kuna vitu vidogo vitakukera, mfano mtu wa simu akipiga upanga haraka haraka kama alivyozoea anashangaa haumizi, kwa sababu Java ukipiga lazima usubiri kidogo upanga uchaji. Kama hakuna mtu wa Mac au Linux kwenu, sioni sababu ya kujitesa.

Kwa mlio na watoto kwenye kundi, hii inawahusu wazazi. Mpwa wangu alikuwa anaona jina langu ila akibonyeza kujoini inamwambia akaunti yake hairuhusiwi, anko rekebisha, anko rekebisha, na mimi huku sina cha kurekebisha. Akaunti ya mtoto inafungwa multiplaya mpaka mzazi akaifungue kwa akaunti ya mzazi, kwenye mipangilio ya faragha ya Xbox, hata kama mtoto hajawahi kuiona Xbox kwa macho. Kuna ruhusa mbili pale, moja ya kucheza na wengine na nyingine ya kucheza na watu walio nje ya mtandao wa Xbox, zote zikubaliwe. Dada alipozifungua, dogo akatoka akaingia tena, akatokea mbele yangu na ngozi ya kuku, yaani mhusika wake kavalishwa sura ya kuku.

Muda nao ni kesi. Dar na Muscat tunapishana saa moja, Minnesota ni saa 8 au 9 kutegemea wamegeuza saa zao au bado, wanageuza Machi na Novemba. Kwenye grupu andikeni muda kama simu inavyoandika, 19:00 Dar, maana ukisema saa moja usiku mtoto aliyekulia Marekani atakuja saa saba usiku na atakukuta umelala.

Kuhusu kuibiana, mpeni mgeni ruhusa ya mgeni kwanza, kwenye Bedrock kila mchezaji unaweza kumpangia, mgeni anatembea anaangalia lakini havunji kitu. Zimeni moto kusambaa na TNT kulipuka kama kuna madogo. Na washeni namba za mahali kwenye skrini, zinawaokoa mnapotafutana, unamwambia mtu njoo 240, 70, -115 basi.

Kuongea tunatumia simu ya grupu ya WhatsApp, kwa sababu maongezi ya PlayStation hayamfikii mtu wa Android. Jamaa wa Mwanza anacheza na kuongea kwenye simu hiyo hiyo na inakubali, ila sauti ya gemu inashuka yenyewe na hasikii creeper (lile zimwi linalolipuka) akija nyuma, kwa hiyo ukiwa naye shimoni kazi ya kumpigia kelele ni yako.