Kwenye riwaya ya upelelezi ya kijijini, anza na njia

Kabla ya kuandika mauaji, tembea njia. Chukua milima ya Usambara, wilayani Lushoto: vijiji viwili vinatazamana, jogoo wa ng'ambo anasikika, lakini kufika huko ni kushuka bondeni, kuvuka kijito na kupanda tena. Kwa jicho ni kilomita mbili, kwa miguu ni saa nzima na zaidi. Mtuhumiwa anaonekana ila hafikiki kwa haraka, na hapo ndipo penye fumbo lako. Pima njia hiyo mara tatu: kukiwa kukavu, baada ya mvua, na usiku ukiwa na mwenzako. Andika dakika.

Kisha iname utazame tope jekundu la masika. Alama ya kandambili iliyokanyagwa sasa hivi ina kingo kali. Ikiwa ndani yake kuna vishimo vya matone, aliyepita alitangulia mvua. Ikiwa mvua imekatika na alama bado ni safi, alipita baadaye. Sentensi moja ya namna hiyo ina uzito kuliko kurasa mbili za kusifia ukungu.

Kosa linaloharibu miswada mingi ni mwezi. Mwezi mpevu huchomoza jua linapozama, kisha kila siku huchelewa kwa takriban dakika 50. Siku nne baadaye unachomoza karibu saa nne usiku. Shahidi wako hawezi kudai kwamba saa mbili aliuona uso wa mtu kwa mbalamwezi. Tengeneza kalenda ya hadithi nzima kabla ya sura ya kwanza: tarehe, mwezi unachomoza saa ngapi, mvua, na mahindi yamefika wapi. Mahindi ya magotini hayamfichi mtu.

Kosa la pili ni kumleta mpelelezi wa mjini mapema mno. Kijijini kwanza linapigwa yowe, watu wanakusanyika, na miguu hiyo yenye huruma inafuta alama zote. Anaitwa mwenyekiti wa kitongoji, halafu mtendaji wa kijiji, ndipo polisi wanafika. Itumie vizuri nafasi hiyo, maana ushahidi hupotea bila mtu kukusudia. Palipo na majeruhi kuna PF3, fomu ya polisi ya kwenda nayo hospitali, na tarehe yake inaweza kumuumbua mwongo.

Wilaya iwe ya kweli, kijiji kiwe cha kubuni. Vinginevyo majirani watajitafuta humo, na wengine watajiona.

Maneno 60,000 kwa mwendo wa 500 kwa siku ni siku 120 za kuandika, bila kuhesabu marekebisho. Mswada wa Kiswahili ambao haujachapishwa unaweza kushindania Tuzo ya Safal-Cornell. Ukipata mchapishaji, usiishie kwenye asilimia ya mrabaha: tafuta kipengele cha haki za filamu na redio, na usiziachie haki hizo bure pamoja na kitabu.