Mlichouliza: Ni digrii iliyomng'oa mkoloni?

Maswali ya safari hii karibu yote yamegusa jambo moja, wasomi na kupigania uhuru. Nimechukua haya machache. Mengine nimeyajibu kwa ufupi kwa sababu jibu lake ni fupi.

Shikamoo mzee. Mwalimu wetu wa historia anasema utaifa Afrika uliletwa na wasomi waliorudi kutoka Ulaya na Marekani. Kwenye mtihani nitaandika hivyo, lakini ni kweli? (Mwanafunzi wa kidato cha sita, Morogoro)

Marahaba. Kwenye mtihani andika anachokitaka msahihishaji, ila uwe na aya moja ya akiba.

African Association, chama mama cha TANU, iliundwa Dar es Salaam mwaka 1929. Nyerere wakati huo ni mtoto wa miaka saba hivi kule Butiama. Rais wake wa kwanza, Cecil Matola, alikuwa mwalimu wa shule, na katibu, Kleist Sykes, alikuwa karani wa reli. Walijichanga, wakajitolea, wakajenga ofisi yao mtaa wa New Street, ndio Lumumba wa leo. Humo ndimo ilimozaliwa TANU tarehe 7 Julai 1954.

Halafu kuna Wameru wa kule Arusha. Mwaka 1951 serikali ya kikoloni iliwahamisha kwa nguvu watu wapatao 3,000 kutoka Engare Nanyuki ili ardhi ipewe walowezi. Wameru walichangishana fedha, na mwaka 1952 wakamtuma Kirilo Japhet New York kwenda kuishtaki Uingereza mbele ya Umoja wa Mataifa. Wakulima wa kahawa hao, wametangulia kufika Umoja wa Mataifa kabla ya Nyerere, ambaye mwaka huo ndio kwanza alimaliza chuo kikuu cha Edinburgh kule Uskoti.

Sasa kwa nini mwaka 1953 chama kikamkabidhi uongozi Nyerere, kijana aliyerudi juzi tu, akamshinda Abdulwahid Sykes, mtoto wa mmoja wa waasisi? Digrii ilisaidia, sikatai. Mbele ya gavana na mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa ulihitaji mtu asiyeweza kuambiwa hajui anachokisema. Lakini kuna jambo lisilotajwa sana madarasani. Mwaka huohuo wa 1953 serikali ilipiga marufuku watumishi wake kuwa wanachama wa vyama vya siasa. Na waliosoma karibu wote walikuwa watumishi wa serikali: makarani, madaktari wasaidizi, walimu. Nyerere alifundisha Pugu, shule ya Wakatoliki, kwa hiyo katazo halikumgusa. Mwajiri wake alikuwa na uzito sawa na digrii yake, na hata huyo mwajiri naye ilibidi amwache Machi 1955, aliporudi kutoka Umoja wa Mataifa, kwa sababu ualimu na siasa havikuweza tena kwenda pamoja.

Mzee, hivi mkoloni alikuwa na akili gani? Anamsomesha mtu halafu mtu huyo anakuja kumfukuza! (Dereva wa matatu, Mombasa)

Alikuwa na akili ya bajeti, ndugu yangu. Karani wa kutoka Uingereza ni ghali: nauli ya meli, nyumba, likizo ndefu, pensheni. Karani Mwafrika ni rahisi. Makerere ilipoanza mwaka 1922 ilikuwa shule ya ufundi. Tabora ilikusudiwa watoto wa machifu, ili wakirudi kwao watawale kwa niaba ya serikali. Hakuna aliyekaa Whitehall, kwenye ofisi za serikali kule London, akapanga kulea marais.

Kosa la mkoloni ni pale mtu anapomaliza masomo. Mishahara ilipangwa kwa rangi: Mzungu juu, Mwasia katikati, Mwafrika chini. Kijana anatoka Makerere na stashahada yake, anawekwa chini ya bwana mdogo aliyeletwa jana na asiyejua hata kuandika ripoti yake mwenyewe. Huyo hakuhitaji kusoma kitabu cha mapinduzi. Bahasha yake ya mwisho wa mwezi ilimtosha.

Wabelgiji, waliotawala Congo, waliliona hilo wakajaribu njia nyingine: shule za msingi nyingi, za juu karibu hakuna. Waliobahatika kufika kati wakapewa kadi ya «évolué», yaani wastaarabu, baada ya wakaguzi kuingia majumbani mwao kuangalia wanakula vipi na wanalala wapi. Congo ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960, wahitimu wake wa chuo kikuu hawakufika 30. Je, uhuru ulichelewa? La. Patrice Lumumba, karani wa posta wa Stanleyville, Kisangani ya sasa, aliunda chama mwaka 1958, na miaka miwili baadaye akawa waziri mkuu. Kukosa wasomi hakukuzuia uhuru. Kulichozuia ni kuuendesha. Siku chache tu baadaye jeshi liliasi, jeshi ambalo halikuwa na afisa Mwafrika hata mmoja.

Kwa hiyo nikiulizwa digrii ilifanya kazi gani, mimi huanzia hapo. Haikuwaamsha watu, kwani walikuwa macho. Ilihitajika zaidi kesho yake, bendera ilipokwisha kupanda.

Tom Mboya alisomea wapi digrii yake? (Msomaji, Kisumu)

Hakuwa nayo. Alisomea ukaguzi wa afya Jeanes School, Kabete, akawa mkaguzi wa afya Nairobi, kisha kiongozi wa wafanyakazi, halafu akakaa Ruskin College, Oxford, kama mwaka mmoja, 1955 hadi 1956. Desemba 1958 aliongoza kikao cha mkutano wa watu wa Afrika yote kule Accra akiwa na miaka 28. Mwaka uliofuata alipakia kwenye ndege wanafunzi 81 kwenda vyuo vya Marekani, na wengine wengi wakafuata. Asiye na digrii ndiye aliyezileta nyingi.

Kaka, mbona kila mnapoandika habari za uhuru ni wanaume wenye suti tu? Bibi zetu walikuwa jikoni muda wote huo? (Mama wa duka, Tanga)

Dada yangu, umenishika pabaya. Na jibu la swali lako ndilo ninalolipenda kuliko yote ya leo.

Rudi kwenye lile katazo la 1953. Karani wa serikali akikutwa na kadi ya TANU, kazi hana. Mke wake je? Hakuajiriwa na mtu. Anauza maandazi, anapika pombe, anapangisha chumba, anacheza ngoma. Serikali haina la kumnyang'anya. Mwaka 1955 chama kilipohitaji sehemu ya wanawake, walimwendea Bibi Titi Mohamed, mwimbaji wa kikundi cha ngoma cha Bomba, aliyesoma madarasa machache tu ya msingi. Hakuanza kwa hotuba. Alikwenda kwa viongozi wa vikundi vya ngoma vya mjini, mmoja baada ya mwingine, maana kila kikundi kilikuwa na mama yake, na mama huyo akisema twende, wanakwenda wote. Ndani ya miezi michache maelfu ya wanawake walikuwa na kadi, na wapo waliozificha waume zao wasizione.

Angalia vikundi vile vilivyokuwa tayari. Vilikuwa na viongozi, na michango, na mfuko wa kuzikana. Vilikuwa na sare, na Kiswahili kilichowaunganisha Mzaramo, Mmanyema na Mnyamwezi wa Kariakoo. Vyama vya wasomi vilihangaika miaka mingi kupata umoja wa namna hiyo. Wale kina mama walikuwa wakiucheza kila wiki. Na katika mikutano ya hadhara, Nyerere, msomi wa Edinburgh, aliposimama kuzungumza taratibu kama mwalimu, uwanja ulikuwa umekwishachemshwa na sauti ya Bibi Titi.

Yaliyompata baadaye, kesi ya uhaini, kifungo cha maisha, kuachiwa mwaka 1972, yanataka safu yake peke yake.

Wasomi wenyewe walikuwa wakielewana? Au ndio kama bunge letu? (Msomaji, Arusha)

Kama bunge lenu, ila Kiingereza chao kilikuwa kizuri zaidi.

Tazama Gold Coast, ndiyo Ghana ya leo. J. B. Danquah, mwanasheria mwenye udaktari wa London, na wenzake walikuwa na chama, UGCC, kikikutana kwa heshima zote. Walihitaji mtendaji, wakamwita Kwame Nkrumah, aliyekuwa amekaa Marekani miaka kumi na kusoma vyuo vikuu vya Lincoln na Pennsylvania. Alifika Desemba 1947. Waajiri wake walitaka kujitawala mapema iwezekanavyo. Yeye akataka sasa hivi. Juni 1949 alijitenga na kuunda chama chake, CPP, na waliomfuata ni wauza samaki wa sokoni na vijana walioishia darasa la saba, waliolala barazani kwa watu. Mawakili waliwacheka.

Nkrumah akafungwa mwaka 1950. Wafuasi wake waliotoka jela wakavaa kofia zenye herufi PG, maana yake mhitimu wa gereza. Dhihaka hiyo kwa wenye joho naipenda sana. Februari 1951 alishinda uchaguzi akiwa kifungoni, akatolewa kwenda kuongoza serikali. Lakini usimalize hadithi hapo. Danquah alifariki Februari 1965 akiwa kizuizini, chini ya sheria ya Nkrumah ya kuwaweka watu ndani bila kesi.

Karume alisoma? (Msomaji, Pemba)

Kidogo sana. Alikuwa baharia. Wapinzani wake wengi ndio waliokuwa na elimu, na kwa maneno walimshinda mara nyingi.

Mzee, wasomi wa siku hizi wanajali matumbo yao tu. Hawa wa zamani walikuwa watu wa namna nyingine. (Mstaafu, Mwanza)

Hapana, mzee mwenzangu. Tarehe 22 Oktoba 1966, uhuru haujafikisha hata miaka mitano, wanafunzi wa Chuo Kikuu na vyuo vingine waliandamana hadi Ikulu kupinga Jeshi la Kujenga Taifa, ambako kwa sehemu kubwa ya muda wao wangelipwa asilimia 40 tu ya mshahara wa mhitimu. Bango moja lilisema ukoloni ulikuwa na nafuu. Nyerere aliwasikiliza hadi mwisho, akapandwa na hasira, akawafukuza karibu 400 warudi makwao.

Wengine waliosimama pale wangepata kazi ambazo miaka michache nyuma zilikuwa za Mzungu, pamoja na nyumba na gari la Mzungu. Walidai mshahara uleule waliourithi, na kwa haki yao, mawaziri waliowakemea walikuwa wakiupokea. Nyerere alilijua hilo. Siku hiyohiyo alitangaza kukata mshahara wake kwa asilimia 20. Februari iliyofuata likaja Azimio la Arusha, lililomzuia kiongozi kuwa na nyumba za kupangisha au mishahara miwili. Wanafunzi wengi walirudishwa chuoni baadaye. Miongoni mwao wamo waliokuja kuwa viongozi wako, na sina shaka unawakumbuka kwa majina.