Waulize Wataalamu: Deki Hufa Kabla ya Mkanda

SWALI: Nimetayarisha vipindi vya televisheni kwa miaka 15. Sasa nimehamishiwa chumba cha kanda. Nimekuta kaseti kama 800 za U-matic na Betacam SP (aina za zamani za kaseti za video), na deki, yaani mashine ya kuzichezea, moja moja inayofanya kazi. Natakiwa kuzihamishia kwenye kompyuta. Nianze na zipi?
*Mtayarishaji, Unguja*

JIBU: Anza na deki, ndugu yetu. U-matic iliingia sokoni 1971, Betacam SP mwaka 1986, na mashine za aina hizo hazitengenezwi tena. Tafuta deki ya pili ya kila aina, hata iliyokufa, uipate kwa ajili ya spea: mikanda ya mpira, magurudumu ya kubana, vichwa vya kusomea. Kisha tanguliza kanda ambazo hazina nakala popote, na katika hizo chukua za awali, si zilizodurufiwa kutoka kanda nyingine. U-matic iende kabla ya Betacam. Chini ya kaseti ya U-matic kuna kitufe chekundu, king'oe. Kikibaki, kidole kikateleza kwenye kurekodi, kipindi kimekwenda.

SWALI: Mkanda ukianza kucheza unalia kama mlango mbovu, picha inajaa mistari, halafu deki inasimama. Fundi kasema tuuoke. Ananitania?
*Msomaji, Mombasa*

JIBU: Hakutanii, ila usiuwashie jiko la nyumbani. Unga wa sumaku hushikiliwa kwenye plastiki na gundi, na gundi ya baadhi ya kanda hufyonza unyevu ikalainika. Kwa hewa ya pwani, chumba kisicho na kiyoyozi huharakisha jambo hilo. Gundi hunata kwenye vichwa na kuacha uchafu wa kahawia. Zima mara moja. Kila mzunguko unabandua picha.

Kuoka hufanywa kwenye kabati la maabara lenye kidhibiti joto cha kuaminika, nyuzi 50 hivi za Selsiasi, saa 8 au zaidi. Jiko la kawaida hupanda na kushuka na laweza kupinda kaseti. La gesi huongeza unyevu juu yake. Acha mkanda upoe kwa muda uleule uliookwa, kisha uuhamishie kwenye kompyuta ndani ya wiki mbili, kwa maana gundi italainika tena. Mkanda wenye ukungu hauokwi wala hauingii kwenye deki: utenge ndani ya mfuko, na anayeushika avae barakoa.

Deki nayo isafishwe. Loweka ngozi laini kwa spiriti ya isopropili ya asilimia 99, iegemeze kwenye ngoma ya vichwa bila kuisogeza, kisha zungusha ngoma kwa mkono. Ukisugua juu na chini, kichwa kinavunjika.

SWALI: Kijana wa kompyuta anahifadhi kila kitu kwa MP4 ili kuokoa nafasi. Inatosha?
*Mhariri wa picha, Dar es Salaam*

JIBU: Ya kutazama, sawa. Ya kuhifadhi, hapana. Picha inabanwa na kilichotupwa hakirudi. Saa moja ya PAL (mfumo wa picha wa televisheni za zamani za kwetu) isiyobanwa, biti 10, hula takriban gigabaiti 93. FFV1 (njia ya kubana picha bila kutupa kitu) ndani ya faili la aina ya MKV hupunguza mzigo huo, mara nyingi hadi karibu nusu, bila kupoteza hata nukta. Sauti iwe 48 kHz, biti 24.

Betacam SP itolewe kwa nyaya tatu za komponenti. Ukitumia waya mmoja wa kompoziti, rangi na mwanga vinachanganyika na hutavitenganisha vizuri tena. Pitishia TBC (kifaa cha kunyoosha muda wa picha, si lile shirika la utangazaji la Tanzania). Njia za sauti rekodi kila moja peke yake, maana huenda ya kwanza ni msimulizi na ya pili ni sauti za uwanjani. Weka nakala tatu, moja nje ya jengo, na kila faili liwe na alama yake ya MD5 (msimbo unaobadilika faili likiharibika) ya kukagua kila mwaka.

SWALI: Mimi si fundi. Mtayarishaji ana kazi gani humo?
*Msomaji, Nairobi*

JIBU: Kutaja. Fundi anaona “kiongozi akihutubia”. Wewe unajua ni nani, wapi, na nani kasimama nyuma yake. Andika kwa alama ya muda: 00:04:10, jina, mahali, tarehe, lugha, mpiga picha, mwenye haki. Usichojua, weka alama ya kuuliza, kisha, mapema iwezekanavyo, wapigie simu wapiga picha waliostaafu.