Maharagwe 11 ya Kuandika Goma

Kila Jumamosi ninawasomea hadithi watoto wa mtaa wetu wa Himbi, hapa Goma. Nilipotaka wafahamu upofu, nilifanya kosa ambalo ninawasihi wazazi na walimu wenzangu wasilirudie: niliwafunga vitambaa machoni, nikawaambia watembee uani juu ya mawe ya volkano. Walijikwaa, wawili walilia, na mmoja akaniambia kwamba heri kufa. Nilikuwa nimewafundisha woga wa dakika za kwanza gizani, wala si maisha ya mtu aliyekwisha kuzoea kuishi bila kuona.

Tangu siku hiyo ninaanza na ujuzi. Ninawasimulia habari za Louis Braille, aliyezaliwa Ufaransa mwaka 1809, akajichoma jicho akiwa na miaka 3 katika karakana ya baba yake, akapoteza na la pili kwa maambukizo, kisha akiwa na miaka 15 tu akabuni maandishi ya vitone yanayosomwa kwa vidole. Lakini mtoto hataki kusikia tu, anataka kushika. Basi tunachukua kadibodi, gundi na maharagwe, na kila herufi tunaipa nafasi 6, safu mbili za tatu tatu. G inakula maharagwe 4, o 3, m 3, na a punje 1 pale juu kushoto, hata neno Goma likatimia kwa maharagwe 11. Wakimaliza hufumba macho wenyewe, bila kuambiwa, wakabishana ni nani anayesoma haraka.

Uziwi ni mgumu zaidi kuueleza kwa sababu hauonekani: mtoto humsalimu mtu, asipoitikiwa hudhani amedharauliwa. Tena huku kwetu neno linalotumika ni "bubu", ilhali viziwi wengi wana sauti, na wana lugha kamili ya ishara. Andrew Foster, Mmarekani mweusi aliyepata uziwi akiwa na miaka 11, alifungua shule ya viziwi Accra mwaka 1957, akaendelea katika nchi nyingi za Afrika, yetu ikiwemo, hadi alipofariki katika ajali ya ndege nchini Rwanda mwaka 1987.

Hayo yote niliyaeleza, lakini aliyewafungua macho watoto ni fundi wa nguo wa jirani, ambaye ni kiziwi. Nilimwomba awape majina ya ishara, yaani ishara ya mkono inayomtaja mtu badala ya kutamka jina lake, kwa kuwa kwa desturi ya viziwi jina hilo hutolewa na kiziwi mwenyewe. Mwenye kovu shavuni alipewa kovu lake, naye akalipokea kwa fahari; mimi nilipewa kusukuma miwani puani, jambo ambalo sikujua kwamba ninalifanya kila mara.

Sasa wakipita kwake hawapigi kelele wala hawamvuti shati kwa nyuma. Husimama mbele yake palipo na mwanga, wakapunga mkono, wakangoja ainue macho kutoka kwenye cherehani.