Neno arcuation na tawi la mstari wa tatu

Hombolo, Dodoma

Mwanangu,

Shikamoo yako imefika, marahaba. Huku hatujambo. Goti la mama yako limetulia, jana alikwenda sokoni na kurudi bila fimbo. Zabibu za Agosti tumeshavuna, sasa tunapogoa.

Ujumbe wako nimeusoma mara tatu. Unasema kijitabu cha bustani unachokitafsiri, cha zamani, kinaeleza kwamba miti fulani huzalishwa kwa arcuation. Mwenzako ofisini ameandika “miti huzaliana kwa kujipinda”, na wewe roho imekataa. Unauliza neno hili maana yake hasa ni nini, wenyewe Waingereza hulitumia wapi, na sisi tuliweke vipi kwa Kiswahili.

Umefanya vizuri kukataa. Mti haujipindi ukazaa. Katika sentensi ile kuna mtu aliyeinama, ana kisu mkononi na udongo kwenye kucha, na tafsiri ya mwenzako imemfuta. Nitakueleza nijuavyo, kidogo kutoka kwenye kamusi, kidogo kutoka shambani.

Nilifundisha Kiingereza sekondari miaka 28, na neno hili sikuwahi kulikuta katika mtihani hata mmoja. Ni neno adimu kweli. Hutamkwa kama “akyueisheni”, na Mwingereza wa kawaida ukimtajia atakuomba urudie. Limebaki katika kamusi kubwa, katika vitabu vya kale vya bustani, na kwa watu wa majengo.

Mzizi wake ni wa Kilatini: arcus, yaani upinde, huu wa kurushia mishale. Kutoka kwenye arcus Warumi wakaunda kitenzi arcuare, kukipa kitu umbo la upinde. Ukoo wake ni mpana. Humo Kiingereza kimepata jina la tao la mlango, la mtu anayepiga upinde, na la kile kipande cha duara mlichokuwa mkikichora kwa bikari.

Sasa tazama jambo lililonifurahisha mpaka nikamwita mama yako aje asikie. Warumi walikuwa na upinde, wakatoa humo kitendo cha kupinda. Sisi tulikuwa na kupinda, tukatoa humo upinde. Njia ni moja, wao wameipita kutoka huku na sisi kutoka kule. Na pindo la kanga ya mama yako limetoka hapo hapo. Hata angani tumekutana: arcus ilikuwa pia jina la upinde wa mvua, na Warumi waliuita ugonjwa wa manjano arquatus kwa sababu ya rangi anazozipata mgonjwa.

Kwa hiyo ukiliona neno hili, uone upinde kwanza. Si kila kilichopinda kinaingia humo. Njia ya ng'ombe inayokwenda kisimani imepinda, lakini inakwenda kombo, huku na kule. Upinde una mpindo mmoja, wa upande mmoja, unaopanda na kushuka sawasawa, na kuna kitu kinachoushikilia. Wewe umewahi kuishika ndono, ile ala ya Kigogo ya uzi mmoja na kibuyu. Fimbo yake ukiikata uzi inarudi kunyooka. Mpindo wake umo katika kuvutwa.

Samuel Johnson, katika kamusi yake iliyotoka London mwaka 1755, alilipa neno hili maana tatu. Ya kwanza ni kitendo cha kukipinda kitu. Ya pili ni hali ya kuwa kimepinda. Hizo mbili hazihitaji maneno mengi, Kiswahili kinazibeba kwa kitenzi kimoja: nimeupinda waya, waya umepinda. Ya tatu ndiyo yako. Aliichukua kwa Chambers, mtu aliyetunga ensaiklopidia ya Kiingereza mwaka 1728, na inasema hivi kwa maneno yangu: ni namna ya watu wa bustani ya kupata miche ya miti isiyotoa mbegu au isiyooteshwa kwa mbegu, kwa kuyainamisha matawi mpaka ardhini na kuyafukia. Neno limeitwa hivyo kwa sababu ya kule kuinamishwa tawi. Mifano aliyotoa ni miti ya kwao ya nchi za baridi, mmojawapo mwerebi. Mimi nitakupa mfano wa hapa nyumbani.

Unaukumbuka mstari wa tatu, ule wa upande wa korongo. Mwaka juzi mchwa waliua mzabibu mmoja katikati, pakabaki pengo. Nilichomeka pingili pale mara mbili, na mara zote mbili zikakauka. Pingili changa kati ya mizabibu mikubwa ni kama mtoto mdogo aliyekalishwa sinia moja na wajomba zake. Mizizi ya wakubwa inamaliza maji, majani yao yanamaliza jua. Na mvua yetu ya Dodoma unaijua, msimu mmoja tu, na mwaka wa kawaida haifiki mm 700.

Mvua za Desemba zilipofungua, nikachagua tawi refu la mzabibu uliopakana na pengo, lililoanza kugeuka kahawia lakini bado likiwa jepesi kufuata mkono. Nikachimba kifereji cha shubiri moja kwenda chini. Nikaanza kulivuta. Wingu lilikuwa limeshafika juu ya bwawa, nikafanya haraka, tawi likavunjika mkononi karibu na shina. Liliniuma sana, maana lilikuwa tawi zuri la kuzaa. Mvua ikanyesha, nikarudi ndani.

Kesho yake nikachukua la pili. Safari hii nilipiga goti kabisa. Mkono wa kushoto ukashika pale tawi linapotokea kwenye shina, usiache uzito wote uende pale, na wa kulia ukalishusha polepole, nikisimama kila liliponiambia nisimame. Usishangae nikisema tawi linasema. Kabla halijavunjika huwa na mtetemo mdogo unaousikia kwenye kiganja. Ubavu wa chini, penye jicho, nikakwangua gome kiasi cha ukucha wa dole gumba. Nikalilaza katika kifereji, nikalibana kwa panda ya mti iliyopinduliwa, nikafukia na kushindilia kwa kisigino. Ncha nikaiacha nje imesimama, nimeifunga kwenye kijiti. Ukitazama kwa ubavu lilikuwa upinde kamili: linatoka kwenye mama yake, linazama, linaibuka upande wa pili.

Mizizi hutokea pale pale penye mpindo, na ina sababu yake. Majani hutengeneza sukari na pia kichocheo cha kukua kinachoitwa auksini, na vyote hushuka kuelekea chini. Vikifika penye jeraha na mpindo vinakwama na kujikusanya, na kwa kuwa pana giza na unyevu, gome linaanza kutoa mizizi badala ya machipukizi. Wakati wote huo mti mama unaendelea kulipa maji tawi lake. Pingili ukiikata leo, leo hii imeachwa ijitafutie. Tawi lililolazwa linanyonya mpaka liweze kujilisha, na hiyo ndiyo faida kubwa ya njia hii. Hasara yake ni kwamba huwezi kupata miche mingi kwa mara moja, na ndiyo maana wanaopanda ekari nzima hutumia pingili.

Wahenga wetu wamesema samaki mkunje angali mbichi, na sisi walimu tuliitumia sana kwa watoto. Lakini kwa ajili ya tafsiri yako, angalia hapo wamesema mkunje, hawakusema mpinde. Kukunja na kupinda si kitu kimoja. Ukikunja, pande mbili zinaelekea kukutana, kama nguo, goti au karatasi, na pale zinapogeukia pana kona. Ukipinda, hapana kona. Tawi ukilikunja umelivunja. Mimi la kwanza nililikunja, la pili nikalipinda. Kitenzi gani kinafaa kwenye kijitabu chako, unaona sasa.

Kuna neno jingine la shambani ambalo huenda utakutana nalo humo humo. Warumi walikuwa na jina la tawi la mzabibu linalolazwa hivi ili litoe mizizi: propago. Kulaza matawi kukaitwa propagare, na hapo Kiingereza kikapata kitenzi chake cha kuzalisha mimea. Mwaka 1622 Papa Gregori wa 15 alianzisha Roma idara ya kueneza imani, na jina lake la Kilatini lilikuwa na neno propaganda, yaani yanayopasa kuenezwa. Leo hata sisi tunalo, tunamwambia mtu aache propaganda zake, na neno lenyewe lilizaliwa kwenye shamba la mizabibu. Wamisionari ndio walioileta mizabibu Dodoma. Neno na mmea vimefika huku kwa njia zilizo karibu kabisa.

Watu wa majengo wana maana yao. Wao wakisema arcuation wanazungumzia ujenzi wa matao, au mpangilio wa matao katika jengo. Ukitaka kuuelewa, anza na jengo lisilo na tao hata moja, na unalo kichwani: tembe la bibi yako. Nguzo zenye panda, juu yake boriti, juu ya boriti fito, kisha udongo. Boriti ikilemewa inabonyea katikati, na upande wake wa chini unavutika kama unaotaka kukatika. Mti unavumilia kuvutwa, kwa hiyo tembe linasimama. Jiwe halivumilii kuvutwa, linavumilia kubanwa. Ukiweka boriti ndefu ya jiwe juu ya mlango itapasuka. Ukiyapanga mawe madogo kwa umbo la upinde, kila jiwe linambana mwenzake, na mzigo unateremka ubavuni mpaka kwenye miguu ya tao. Ndiyo maana miguu huwa minene, kwa sababu tao linasukuma nje. Daraja la maji la Warumi liitwalo Pont du Gard, kule kusini mwa Ufaransa, limepandisha safu tatu za matao mpaka kimo cha karibu m 49, na bado limesimama. Kwa maana hii usihangaike: andika matao, au ujenzi wa matao, na fundi yeyote atakuelewa.

Kivumishi chake, arcuate, kina kazi zaidi kuliko nomino. Ulikisoma katika jiografia: delta ya Nile, ile iliyotuna mbele kwa umbo la upinde, huitwa arcuate, tofauti na ya Mississippi iliyo kama mguu wa ndege. Madaktari nao wanakitumia kwa mishipa ya figo inayopita kwa umbo la tao. Hapo “yenye umbo la upinde” inatosha.

Turudi kwenye sentensi yako. Ushauri wangu, usilitafute neno moja la kulikalia hilo la Kiingereza. “Upindaji” ni sahihi kisarufi, lakini mkulima wa Mpunguzi akisoma “upindaji” atadhani unazungumzia nondo. Isitoshe, kupinda kukibaki peke yake kunaleta harufu mbaya katika Kiswahili cha leo: sheria imepindwa, mambo yamepinda. Sisi shambani tunasema kulaza tawi. Ningeandika hivi:

“Miti isiyotoa mbegu, au isiyoota vizuri kwa mbegu, huzalishwa kwa kulaza matawi: tawi hupindwa taratibu mpaka chini, hufukiwa udongo likiwa bado kwenye mti wake, na likishatoa mizizi hukatwa.”

Ni ndefu kuliko ya mwandishi, najua, na mhariri wako atakulalamikia. Mweleze kwamba ukishaifafanua mara ya kwanza, kurasa zinazofuata zitabaki na maneno mawili tu, kulaza matawi. Usikubali afupishe ile ya kwanza. Na hilo neno taratibu asilitoe.

Tawi la mstari wa tatu bado limeshikamana na mama yake. Juzi nilifukua kidogo kwa vidole nikaiona mizizi, myeupe, minene kama uzi wa kushonea magunia, nikafukia tena. Limeshatoa majani yake upande wa pengo. Kisu nimekinoa lakini sijalikata, maana umesema utakuja mwisho wa mwezi. Ukija tutalikata pamoja, upande wa kwa mama, shubiri moja kutoka penye mpindo. Njoo na viatu vya shamba, vile ulivyoviacha vimeliwa na panya.

Mama yako anakusalimu sana, na anauliza kama ile dawa ya kikohozi umemaliza.

Baba yako