Kuhusu uhamisho uliocheleweshwa

Dada, umeuliza kama unaweza kuishtaki wilaya yako kwa kuwa ombi lako la kuhamia wilaya ya mumeo, ukiwa muuguzi, limekaa zaidi ya mwaka bila jibu. Unaweza, kwa sababu Ibara ya 42 ya Katiba ya Uganda ya 1995 inampa kila mtu anayefika mbele ya ofisa wa serikali haki ya kutendewa kwa uadilifu, na ya kwenda mahakamani asiporidhika na uamuzi. Lakini Mahakama Kuu haitakuhamisha. Kwa kawaida itaiamuru ofisi husika itoe uamuzi, na uamuzi huo waweza kuwa wa kukataa. Kumbuka pia kwamba kila wilaya ina tume yake ya utumishi, yaani chombo kinachoajiri watumishi wake, hivyo wilaya unayoiendea lazima iwe na nafasi na ikubali kukupokea.

Kwanza mwandikie Afisa Mkuu Tawala, yaani mtendaji mkuu wa wilaya yako, ukidai jibu kwa tarehe maalumu, na utunze nakala iliyopigwa mhuri wa kupokelewa. Mahakama hutaka njia za ndani zimalizwe kwanza, na maombi ya mapitio, yaani ya kuitaka Mahakama Kuu ichunguze mwenendo wa ofisi ya umma, hupelekwa ndani ya miezi 3 tangu sababu ilipojitokeza. Muda huo umewapotezea haki watumishi wengi, nami naumia kuona hivyo. Muone wakili mapema. Wakati huohuo, tafadhali usiache kituo chako cha kazi, maana utoro utawapa hoja dhidi yako.